Ndai imekataa kuwaka hapo Ndara? Isikize kwanza kabla hujatoa doh

Kama umewahi kushuka Mombasa kwa barabara, hii stori unaijua. Umetoka Voi, umefika Ndara, mlima wa Sagalla uko kulia kwako, Tsavo iko kushoto. Umesimama kidogo kununua maji na ukazima injini. Kurudi kwa gari, unazungusha ufunguo, na ni kimya. Jua linawaka, malori yanapita yakitikisa gari, na kabla hujamaliza kutusi kuna msee ashatokea na spana mkononi anakuambia hiyo ni stata.

Inaweza kuwa stata. Inaweza pia kuwa terminali ya betri imelegea, kitu cha kukaza kwa dakika mbili. Noma ni kwamba ukikubali kila kitu unachoambiwa, utanunua stata, kesho yake betri, kesho kutwa pampu ya mafuta, na bado gari iko hapo kando ya lami. Voi iko na mafundi wa nguvu, hilo halina ubishi, hiyo barabara imewafunza kazi. Kuwatambua ni rahisi: fundi mzuri anapima kwanza ndio anafungua bolti. Ule mwingine anafungua bolti halafu anaanza kufikiria.

Sasa, hii si ya kukugeuza uwe mekanika. Ni ya kukuwezesha kumwambia fundi kitu cha maana kwa simu, na kujua ukianza kuchezwa.

Inazunguka ama haizunguki?

Hilo ndilo swali la kwanza, na watu wengi hulichanganya. Gari kuwaka ni kazi mbili tofauti. Ya kwanza ni stata kuzungusha injini, ile sauti ya "rururu" unaisikia. Ya pili ni injini yenyewe kushika, yaani petroli, hewa na cheche zikutane kwa wakati mzuri. Kabla Cadillac hawajaweka stata ya umeme kwa gari zao za 1912, hiyo kazi ya kwanza ilikuwa ya mkono. Unashika hendeli mbele ya gari unazungusha, na injini ikirudi nyuma kwa nguvu inaweza kukuvunja mkono. Kwa hivyo usiichukie stata sana.

Kama haizunguki kabisa, petroli haihusiki hapo. Tafuta umeme. Kama inazunguka fiti kama kawaida lakini haishiki, wacha betri, tafuta mafuta, cheche ama kompyuta. Hapo tu ushapunguza nusu ya uongo unaoweza kuambiwa.

Anza na betri, na hapa Taita anza nayo mara mbili

Watu hudhani baridi ndio huua betri. Baridi huonyesha tu kwamba betri ilikuwa imeshaisha nguvu. Muuaji ni joto. Joto likiwa jingi, kemikali ndani ya betri inafanya kazi haraka kupita kiasi, maji yanakauka, na vile vyuma vya ndani vinaliwa pole pole. Betri iliyokuwa inakaa Limuru kwa raha inaweza kufa mapema ikihamia Voi. Ongeza ile barabara ya kwenda Kasigau yenye matuta madogo madogo ya kutetemesha meno, terminali zinalegea bila wewe kujua.

Fungua boneti. Shika ile waya nene ya betri uitikise kwa mkono, gari ikiwa imezimwa. Ikicheza, hiyo ndio shida yako, ama moja ya shida zako. Ukiona unga mweupe ama wa kijani pale juu, hiyo ni kutu ya asidi, na inazuia umeme kupita hata kama betri ni mpya. Toa waya ya hasi kwanza, halafu ya chanya, safisha kwa maji moto na brashi ya waya, rudisha chanya kwanza, kaza vizuri. Usiguse huo unga kisha ujipanguse macho, tafadhali.

Halafu kuna maltimita, kale kamashine kadogo mafundi wa redio huwa nako. Nunua kamoja uweke kwa gari. Betri ya volti 12 iliyojaa, gari ikiwa imelala, inasoma karibu 12.6. Ikisoma 12.2 iko nusu. Chini ya 12 hiyo imeisha, usipoteze wakati. Sasa mwambie mtu ajaribu kuwasha huku wewe unaangalia: namba ikianguka chini ya 9.6 hivi, betri haiwezi kubeba mzigo hata kama ilisoma vizuri mwanzoni. Na gari ikiwaka, inafaa isome kati ya 13.8 na 14.7. Ikibaki 12 na kitu, altaneta haichaji, na ukinunua betri mpya itakufa vile vile kabla ufike Mariakani. Nyingi ya gari mpya mpya huchezesha hiyo namba kidogo kupitia kompyuta, lakini ikibaki chini muda wote, uliza maswali.

Hauna mita? Washa taa za mbele, halafu jaribu kuwasha gari. Taa zikizimika ama zikififia sana, ni betri ama terminali. Zikibaki zinawaka kama kawaida na hakuna kitu kinasonga, umeme upo, haufiki kwa stata.

Sauti nazo zinasema. "Tik-tik-tik-tik" ya haraka ni betri imechoka. "Tak!" moja nzito halafu kimya, na taa bado kali, hapo sasa yule msee wa stata anaweza kuwa na pointi. Fundi wa kitambo hugonga stata kidogo kwa mti ikashika mara moja, na ikishika hivyo usizime tena mpaka ufike gereji.

Kama hakuna hata tik, angalia vitu vya kijinga kwanza. Gia iko P? Isukume N ujaribu hapo, juu switchi ya gia ikichoka gari hudhani haiko P na inakataa. Kwa gari za kubonyeza kitufe, umekanyaga breki kabisa? Taa za breki nyuma zinawaka ukikanyaga? Kama haziwaki, kuna uwezekano ile switchi ndogo ya breki imekufa, na kompyuta haijui umekanyaga.

Ufunguo umekufa, si gari

Hii huwapata sana wenye Note, Axio na Demio za kubonyeza. Betri ndogo ndani ya ufunguo ikiisha, gari haikutambui. Inakuona kama mwizi. Milango haifunguki, na dashibodi inakuandikia kitu kwa Kijapani ambacho hakuna mtu hapo Ndara atakusomea. Usipanik. Ndani ya huo ufunguo kuna kachuma kadogo ka kufungulia mlango. Ukiingia, kanyaga breki, gusanisha ufunguo wenyewe na kile kitufe cha kuwasha, halafu bonyeza. Kuna chipu ndani isiyohitaji betri, kitufe kinaisoma kikiwa karibu hivyo. Gari nyingi za Toyota na Nissan hukubali hiyo.

Kwa gari za ufunguo wa kawaida, angalia taa ya kagari ama kafuli inayometameta kwa dashibodi. Hiyo ni imobilaiza. Gari ikiwaka sekunde moja mbili kisha ikazima yenyewe, kila mara, mshuku huyo kabla ya pampu.

Wenye Aqua na Prius, nyinyi mko na yenu. Hakuna stata ya kawaida hapo. Gari iko na betri mbili: ile kubwa ya haibridi, na kadogo ka volti 12 kamefichwa nyuma. Kale kadogo kakifa, ile kubwa ikiwa imejaa haitakusaidia, kwa sababu kadogo ndiko kanakoamsha kompyuta zote. Mtu akikuambia betri ya haibridi imekufa na unahitaji pesa ya kununua shamba, mwambie apime kale kadogo kwanza. Na neno READY lisipotokea, gari haijawaka, hata taa zote ziwe zinang'aa kama Krismasi.

Inazunguka lakini haishiki

Hapa ndio watu huunguza pesa. Zima redio, funga madirisha, weka ufunguo kwa ON bila kuwasha. Kwa gari nyingi utasikia "zzzz" ya kama sekunde mbili kutoka chini ya kiti cha nyuma. Hiyo ni pampu inajaza presha. Usiposikia kitu, anza na fyuzi na rilei ya pampu kabla hujakubali pampu itolewe. Mara nyingi kwa kisanduku cha fyuzi kuna rilei nyingine inayofanana nayo kabisa, ya honi kwa mfano. Badilishana hizo mbili ujaribu. Hiyo ni bure.

Petroli yenyewe pia. Kuchanganya petroli na mafuta taa kulikuwa kumezidi hadi mwaka wa 2018 serikali ikaongeza ushuru wa shilingi 18 kwa kila lita ya mafuta taa, ndio wasee wasione faida ya kuchanganya. Kama gari imeanza kukataa mara tu baada ya kujaza mahali, mwambie fundi hivyo. Ni habari muhimu kuliko unavyodhani. Na geji ya mafuta zinadanganya, haswa kwa gari iliyopita mikono mitano.

Sasa ile ya Voi kabisa: gari inawaka asubuhi bila shida, unaendesha mpaka inapata joto, unazima, na inakataa. Inazunguka tu. Unakaa nusu saa chini ya mti, inawaka kama hakuna kitu kilifanyika. Mshukiwa mkuu hapo ni sensa ya kranki. Hiyo ndiyo huambia kompyuta injini iko wapi kwa mzunguko. Bila hiyo kompyuta haijui itoe cheche saa ngapi, kwa hivyo haitoi. Zikizeeka, zingine hukata zikipata joto na kurudi zikipoa. Angalia geji ya mizunguko wakati stata inazungusha injini: kwa gari nyingi mshale ukilala sifuri kabisa bila kutingika, huyo ndiye. Mimi naona hii ndiyo shida inayofanya watu wauziwe pampu bure kuliko zote, kwa sababu fundi akibadilisha pampu inachukua saa nzima, gari inapoa, inawaka, na kila mtu anashukuru pampu.

Halafu kuna vitu gari haikuzaliwa navyo. Alamu ya mtaani, traka ya wenye mkopo, na kwa mathree ile spidi gavana iliyoingia na sheria za Michuki mwaka wa 2004. Nyingi ya hizi hukatwa ndani ya waya za stata ama za pampu, zikafungwa na tepu. Joto likikausha ile tepu na vumbi likiingia, gari inajizima yenyewe. Na kama uko na mkopo wa gari, kumbuka traka nyingine zinaweza kuzimwa kutoka ofisini. Angalia meseji zako kabla ya kufungua boneti, manze.

Ile mashine ya kodi

Chini ya usukani kuna soketi yenye mashimo 16. Marekani ililazimisha gari zote mpya kuwa nayo mwaka wa 1996 na dunia ikafuata. Kuna kadude ka ELM327 unachomeka hapo, kanaongea na simu yako. P0335 ni sensa ya kranki, P0340 ni ya kamshafti, P0087 ni presha ya mafuta iko chini. Gari zingine za zamani kidogo kutoka Japani hukataa kuongea na hako kadude, hiyo si shida yako.

Lakini kodi haisemi "nunua hii". P0335 inasema njia ya umeme ya hiyo sensa iko na shida. Inaweza kuwa sensa, inaweza kuwa waya iliyoliwa na panya, inaweza kuwa plagi ya waya imejaa vumbi jekundu. Fundi akisoma kodi halafu moja kwa moja akakutajia bei ya kipuri bila kupima waya, muulize amejuaje.

Ukiamua kujampu, nyekundu kwa chanya ya betri iliyokufa, nyekundu kwa chanya ya nzima, nyeusi kwa hasi ya nzima, na nyeusi ya mwisho kwa chuma tupu cha injini iliyokufa, mbali na betri, juu cheche karibu na betri inaweza kulipua gesi yake. Usitumie Aqua kujampia lori. Usisukume otomatiki, haiwezi kuwaka hivyo hata mkisukuma mpaka Maungu. Na usishikilie stata zaidi ya sekunde kumi, ipumzishe.

Kama jua linazama na bado, jua kwamba hapo ni kwa ndovu na kwa malori. Weka pembetatu nyuma, mbali kuliko unavyodhani inatosha, toka upande usio wa barabara, usitembee porini kutafuta netiwaki. Ukimpata fundi kwa simu, mwambie hivi: gari ni gani na ya mwaka gani, inazunguka ama haizunguki, taa zinafifia ama hazififii, ilikuwa moto ama baridi, na mara ya mwisho ulijaza mafuta wapi. Akianza kukuuliza maswali zaidi, huyo mngoje. Akikutajia bei kabla hajauliza kitu, pigia mwingine.