Okarina Inayorudisha Wakati: Je, ni Mbinu Rejeshi?

Mwalimu mwenzangu, mwanafunzi akikuuliza iwapo michezo ya video ina fasihi ndani yake, usimkemee. Mtolee mfano wa The Legend of Zelda: Majora's Mask, uliotolewa na kampuni ya Nintendo ya Japani mwaka wa 2000.

Mhusika mkuu, Link, ana okarina, yaani ala ndogo ya kupuliza. Mwezi utaiangukia nchi ya Termina baada ya siku 3. Link akipiga Wimbo wa Wakati, hurudi alfajiri ya siku ya kwanza. Akizipiga noti zake kinyume, wakati huenda polepole.

Je, hii ni mbinu rejeshi? La. Katika mbinu rejeshi, msimulizi huturudisha nyuma kimasimulizi tu, matukio hayabadiliki. Hapa mhusika mwenyewe ndiye anayerudi, na yaliyotendeka hufutika. Hiyo ni fantasia. Mwanafunzi asiyeiona tofauti hii atapoteza alama.

Tazama pia gharama yake. Link hubaki na barakoa na nyimbo alizojifunza, lakini fedha ambazo hakuziweka benki hupotea. Aidha, watu aliowaauni hawamkumbuki tena, na shida zao huanza upya. Okarina basi haimalizi tatizo; humpa Link nafasi nyingine tu. Dhamira imo humo: kutenda wema usiokumbukwa.

Waulize wanafunzi wako: ni nani anayebeba kumbukumbu wengine wanaposahau? Atakayemtaja mpigaji badala ya ala atakuwa ameanza kuhakiki uhusika.