Mashua ya Gazeti

Kwa miaka mingi mashindano ya matanga huko Uingereza yalihesabiwa kuwa mchezo wa mabwana. Mwaka 1963 Daily Mirror, gazeti lililosomwa sana na wafanyakazi, lilitoa mashua ndogo ya matanga mekundu, iliyouzwa vipande vipande vya mbao nyembamba ili mtu aiunge nyumbani kwake. Mojawapo iliundwa na babaye Bibi Shirley Robertson, mzaliwa wa Dundee, Scotland. Humo ndimo binti alimojifunzia kushika usukani.

Barcelona, 1992, alikuwa wa tisa. Atlanta, 1996, wa nne: nafasi chungu kupita zote, maana wa tano hana la kujutia. Sydney, 2000, akiwa peke yake chomboni, alitwaa dhahabu ya Olimpiki. Athens, 2004, akatwaa nyingine pamoja na wenzake wawili.

Kisha alishika kipaza sauti, akaendesha kipindi cha MainSail katika televisheni ya CNN. Kazi hiyo si kama kutangaza mpira. Upepo hauonekani, na mashua inayoonekana kutangulia huenda imeachwa. Asiyepata kukanyaga sitaha huhitaji mjuzi wa kumfumbulia kwa nini nahodha amebisha ghafula, akaiacha njia iliyonyooka.