Kizinda Si Shahidi

Kuna mambo ya mwili ambayo katika nyumba zetu hunenwa kwa kunong'ona tu, na mara nyingi wanaonong'ona ndio wasioyajua. Mojawapo ni kizinda, yaani ule utando mdogo ulio kwenye mlango wa uke. Kwa ajili yake bibi arusi wamerudishwa kwa baba zao asubuhi baada ya arusi, na mahari ikadaiwa. Kwa ajili yake pia watoto waliotendewa ubaya wameambiwa kwamba wanasema uongo. Jambo lenye uzito wa namna hii halifai kuachiwa minong'ono. Tutalinena kwa heshima, lakini tutalinena waziwazi.

Tuanze na swali ambalo mama yeyote aweza kulijibu bila kwenda shule. Binti bikira, akiisha kukua, hupata damu ya mwezi. Je, damu hiyo hupita wapi? Kama kizinda kingekuwa mlango uliofungwa, au ngozi iliyowambwa kama ngozi ya ngoma, damu isingepata njia ya kutoka. Lakini hutoka kila mwezi, wala hakuna anayeshangaa. Basi, tangu kuzaliwa, kizinda kina nafasi yake. Si kifuniko. Ni mkunjo wa ngozi laini yenye unyevu, kama ile iliyo ndani ya shavu, unaouzunguka mlango wa uke kwa pembeni na kuacha uwazi katikati.

Lugha yetu yenyewe imetudanganya kidogo. Juu ya msichana anayeona damu mara ya kwanza twasema kwamba amevunja ungo, na juu ya usiku wa arusi watu husema "kuvunja bikira". Mwenye kusikia hudhani kwamba ndani ya mwili mna chombo fulani kama chungu, ambacho ama ni kizima ama kimevunjika, wala hakuna hali ya tatu. Watu wa Uswidi waliona upotovu wa namna hiyo hiyo katika lugha yao. Mwaka 2009 chama chao cha elimu ya uzazi kiliacha jina la zamani, lililokuwa na maana ya utando wa ubikira, kikachagua jina jipya lenye maana ya shada au taji ya uke. Sidhani kwamba sisi twahitaji jina jipya. Neno kizinda latosha. Yafaa tu tuache kuliunganisha na kitenzi "kuvunja".

Tena vizinda havifanani, kama nyuso zisivyofanana. Kwa wasichana wengine kizinda ni duara kamili kama pete. Kwa wengine, nao ni wengi, ni kama mwezi mwandamo, kinene upande wa chini na hakionekani kabisa upande wa juu. Wengine wana kizinda chenye ukingo wa matamvua, kama pindo la shali. Wako wachache ambao ukanda mwembamba wa ngozi hupita katikati na kuufanya uwazi kuwa matundu mawili, na wachache zaidi wenye matundu madogo madogo kama ya chujio. Wengine huzaliwa na kizinda kidogo sana hata mganga mwenye ujuzi hukiona kwa shida. Mikato midogo ya ukingoni huonekana hata kwa watoto ambao hawajaguswa na mtu yeyote. Na mtu mmoja mwenyewe hubadilika kwa miaka. Mtoto mchanga huwa na kizinda kinene, kwa nguvu ya homoni alizozipokea katika tumbo la mama yake. Baadaye huwa chembamba, nacho huuma upesi kikiguswa. Halafu msichana akibalehe huwa kinene tena, chenye mikunjo, chenye kuvutika na kurudi. Jambo hili la kuvutika ni kubwa kuliko yote tuliyokwisha kusema.

Lakini kabla ya kuendelea, akina mama wasikilize neno moja. Mara chache sana msichana huzaliwa na kizinda kisicho na uwazi wowote. Hukadiriwa kwamba ni mmoja katika wasichana 1,000, au hata mmoja tu katika 10,000. Huyo hukua vizuri, maziwa humwota, lakini damu ya mwezi haionekani. Badala yake hupata maumivu ya tumbo la chini yanayorudi kila mwezi, nayo huzidi, maana damu hukusanyika ndani bila njia. Mwishoni tumbo laweza kuvimba, na mkojo ukazuilika. Watu wasiojua, wakiona tumbo limetuna na damu haipo, humshuku mimba, naye maskini ni bikira kuliko mabikira! Msichana wa miaka 14 au 15 mwenye dalili hizo apelekwe hospitalini upesi. Mganga humlaza kwa dawa, hufungua uwazi mdogo, damu nzito yenye rangi ya giza hutoka, na maumivu huisha. Upasuaji huo haumwondolei mtoto ubikira wake hata kidogo. Mzazi asisite kwa ajili ya hofu hiyo.

Sasa tuje kwenye damu ya usiku wa arusi. Kitambaa cha usiku huo ni cha zamani: Torati yenyewe, katika Kumbukumbu la Torati sura ya 22, yawataja wazazi wakikunjua nguo mbele ya wazee. Mahali pengi katika Afrika shangazi hungoja mlangoni hata leo. Anangoja nini? Kizinda kina mishipa michache ya damu, na kwa mwanamke aliyekomaa huvutika. Wanawake wengi hawatokwi na damu hata tone moja siku ile ya kwanza. Mwaka 1998 mganga mmoja wa wanawake mjini London aliandika katika gazeti la waganga kwamba aliwauliza wanawake 41 aliofanya kazi pamoja nao, na asilimia 63 walisema hawakutokwa na damu. Hesabu hiyo ni ndogo, lakini inatosha kumnyamazisha shangazi. Tena damu, ikitoka, mara nyingi ni ya hofu, ya ukavu, na ya pupa ya mume. Bwana arusi anayejisifu kwa kitambaa chekundu huenda anajisifu kwa kumwumiza mkewe.

Wako wanaotaka kumtetea binti kwa kusema: huenda alipanda baiskeli, huenda aliruka kamba. Nia yao ni njema, lakini utetezi huo si wa kuaminika sana, maana mtoto akianguka vibaya huumia zaidi sehemu za nje. Wala hauhitajiki. Asiyetokwa na damu hana haja ya kutafuta udhuru. Mwili wake uko kama ulivyoumbwa.

Je, mganga akitazama kwa macho yake, ataweza kutambua? Hapana. Mwaka 2004 waganga wa Marekani walitangaza matokeo ya kuwachunguza wasichana 36 waliokuwa na mimba. Hao wote, bila shaka, walikuwa wamelala na mwanamume. Lakini katika 36 hao, 2 tu ndio waliokuwa na alama ya wazi ya kuingiliwa. Ikiwa wajawazito hawatambulikani, atatambulikanaje msichana asiye na mimba?

Wala hayo si mafunuo ya juzi. Soranus, mganga Mgiriki aliyefanya kazi Rumi mwanzoni mwa karne ya 2, alikana kwamba uke wa bikira umefungwa kwa utando. Katika karne ya 4, Syagrius, askofu wa Verona, aliamuru bikira mmoja, jina lake Indicia, aliyesingiziwa, akaguliwe na mkunga. Mtakatifu Ambrosi wa Milano aliitengua hukumu ile, akamtangaza msichana kuwa hana hatia, akamkemea askofu mwenzake kwa barua. Katika barua hiyo alisema kwamba hata waganga wakuu hawauamini sana ukaguzi wa namna hiyo. Naye Mtakatifu Augustino, katika kitabu cha kwanza cha Mji wa Mungu, asimulia habari ya mkunga ambaye kwa kumkagua bikira alimharibu kwa mkono wake, akafundisha kwamba binti yule hakupoteza kitu cha utakatifu wake. Inasikitisha kwamba wengi wanaojiona walinzi wa maadili ya Kikristo hawakupata kuzisoma kurasa hizo.

Mwezi wa Oktoba 2018 Shirika la Afya Ulimwenguni, pamoja na ofisi nyingine mbili za Umoja wa Mataifa, lilizitaka nchi zote kukomesha ukaguzi wa ubikira, uliokuwa umeonekana katika nchi zisizopungua 20. Ufaransa iliwakataza waganga kutoa hati za ubikira kwa sheria ya mwaka 2021. Kwa hiyo mzazi anayempeleka binti yake kwa sista wa dispensari ili "aangaliwe" asikasirike akikataliwa. Sista hana cha kuandika katika karatasi ile isipokuwa uongo.

Imebaki habari iliyo nzito kuliko hizi zote. Katika Kongo yetu, hasa mashariki, watoto wengi wametendewa jeuri, na sheria ya tarehe 20 Julai 2006 huwaadhibu vikali watendaji. Lakini kesi huweza kufa kwa neno moja la karatasi ya mganga: "kizinda ni kizima". Wakili wa mshitakiwa hulishika neno hilo kama ngao. Ninyi mliokwisha kusoma hapo juu mwajua sasa neno hilo lina uzito gani. Kizinda chaweza kuvutika bila kuchanika; na kikichanika, jeraha lake hupona kwa siku chache, mara nyingi bila kuacha kovu. Mganga mwaminifu huandika alichokiona, kisha huongeza kwamba kutokuonekana kwa jeraha hakupingi maneno ya mtoto.

Basi mtoto akisema kwamba ametendewa, asikaguliwe na shangazi wala na jirani. Asiogeshwe kwanza, nguo zake ziwekwe katika mfuko wa karatasi bila kufuliwa, apelekwe hospitalini siku ile ile. Dawa za kuzuia ukimwi hufaa kama zikianza kabla ya saa 72 kupita, na kila saa inayotangulia ni faida. Mjini Bukavu iko hospitali ya Panzi, iliyoanzishwa mwaka 1999 na mganga Denis Mukwege, ambayo imewahudumia maelfu ya wanawake na watoto wa namna hiyo. Kwingineko aanze na hospitali iliyo karibu. Mama na aende pamoja naye, akae karibu na kichwa chake wakati wa kuchunguzwa, na mtoto aulizwe kwanza kama anakubali kuguswa.