Mashine Iko, Kazi Haiko
Kwa nini jambo jipya moja linashinda na lingine linakufa?



Bila shaka umekwisha kuiona. Nyuma ya nyumba fulani, ao ndani ya hangari ya kikundi, kuko mashine iliyofunikwa na shitingi. Siku ilipofika watu walipiga makofi, wakubwa wakasema maneno marefu, picha zikapigwa. Miezi sita haijatimia, mkanda ukakatika. Fundi wa kuutengeneza hakupatikana, kipande chake kinauzwa mbali, na mwenye kuileta alikwisha kurudi kwao. Leo kuku ndio wanalala juu yake.

Wakati huo huo, barabarani, kijana anateremka kutoka milimani na chukudu yake. Amepakia makala, viazi na makabichi, mzigo unaopita urefu wake mwenyewe. Chukudu hiyo haikuletwa na sherehe yoyote. Hakuna mkubwa aliyeifungua. Lakini tangu miaka ya 1970 inatembea kila siku, na inalisha jamaa nyingi.

Ni juu ya nini? Usifikiri swali hili ni la wasomi tu. Huku kwetu Masisi na Walikale, ambako karibu kila jamaa iko na mtoto ao ndugu kwenye kariere, ni swali la chakula. Vijana wanachanga feza yao ya mwaka mzima kununua mashine ya kusaga mawe. Baba anauza ng'ombe. Mashine ikikufa, si chuma tu kinakufa: karo ya shule ya wadogo imekwenda nayo. Basi tukae kidogo, tuangalie mambo mapya tunayoyajua, yaliyoshinda na yaliyochechemea.

CHUKUDU: FUNDI NA MTUMIAJI NI JIRANI

Angalia chukudu vizuri. Ni mbao ngumu, magurudumu mawili ya mti, na mpira wa matairi ya zamani uliogongomewa kuzunguka gurudumu. Mwenye kuiendesha anapiga goti moja juu yake, mguu mwingine unasukuma chini. Breki ni kipande cha mpira ambacho anakanyaga juu ya gurudumu la nyuma. Kwenye mteremko inakimbia yenyewe; kwenye mlima inasukumwa.

Wazungu wanaofika Goma wanaipiga picha wakicheka. Wacha wacheke. Wewe uliza: gari gani lingefaa zaidi kwa mtu asiye na feza ya mazutu, kwenye barabara ya mawe ya volkano, katika nchi ya milima ambako mizigo inatoka juu na soko liko chini? Aliyeichonga alijua mzigo, alijua njia, alijua mfuko wa mteja. Ikivunjika saa nne, saa nane imekwisha kutengenezwa, kwa sababu mti uko, msumari uko, tairi la zamani liko, na fundi anakaa kwenye avenyu ile ile.

Shika neno hili la kwanza: jambo jipya linaishi pale linapoweza kutengenezwa.

FROMAJI YA MASISI: KUTOKA KWENYE SHIDA ILE ILE

Sasa panda juu, kwenye malisho ya Masisi. Ng'ombe wako, majani yako, baridi iko. Maziwa ni mengi. Lakini maziwa hayangojei. Barabara ikikatwa na mvua siku mbili, maziwa yamechacha, na mfugaji anarudi nyumbani na mikono mitupu.

Wamisionari kutoka Ulaya walikuja na ujuzi wa kutengeneza jibini, ile tunayoita fromaji, na wafugaji wetu wakaushika. Maziwa yanapashwa moto kwa kuni, yanatiwa dawa ya kugandisha, maji yanatolewa, kinachobaki kinakandamizwa ndani ya kibumba, kinatiwa chumvi na kuwekwa juu ya rafu kikomae. Litre 10 hivi za maziwa zinatoa kilo moja ya fromaji. Ni ya namna moja na ile ya Uholanzi inayoitwa Gouda, ya mviringo, inauzwa Goma, na hata ilikuwa ikipanda ndege mpaka Kinshasa.

Ona vile jambo hili lilivyoingia kwenye shida yenyewe. Shida ilikuwa: mzigo mzito unaoharibika upesi, na barabara mbaya. Fromaji inapunguza uzito mara kumi na inangojea barabara. Haikuhitaji umeme wala friji. Ujuzi ulitoka mbali, kweli, lakini ng'ombe, kuni, mikono na hali ya hewa ni vya hapa. Vita vya miaka ya 1990 vilimaliza ng'ombe wengi wa Masisi. Walakini wafugaji walipopata tena ng'ombe, fromaji ilirudi, kwa sababu ujuzi ulikuwa umebaki ndani ya watu.

WASOMI WALIKUTA NINI?

Mwanzoni mwa miaka ya 1970, watafiti wa Chuo Kikuu cha Sussex, Uingereza, walijiuliza swali letu hili. Hawakuangalia walioshinda peke yao, maana aliyeshinda hakosi sababu za kujisifu. Walichukua mbili mbili: jambo jipya moja lililofaulu kiwandani, na la namna ile ile lililoshindwa. Walianza na jozi 29, kisha wakafikia jozi 43, katika viwanda vya kemia na vya vyombo vya sayansi. Utafiti huo uliitwa SAPPHO.

Unafikiri walikuta kwamba mshindi ni mwenye mashine ya ajabu zaidi? Hapana. Tofauti iliyoonekana wazi kuliko zote ni hii: walioshinda walielewa vizuri zaidi haja ya mtu atakayetumia kitu chao. Tena walishughulika zaidi na kuuza na kumfundisha mtumiaji. Walisahihisha makosa kabla ya kutoa kitu sokoni. Hawakuona haya kuomba ujuzi wa watu wa inje. Na kazi ilikuwa na mtu mmoja mwenye mamlaka ya kutosha aliyeibeba mpaka mwisho.

Fundi wetu wa chukudu hakusoma kitabu hicho. Lakini alikwisha kujua neno lake la kwanza, kwa sababu mteja alisimama mbele yake akisema: «Hii ni fupi, ongeza.»

LEBO: NANI ALIULIZWA?

Turudi kwenye madini. Mwezi wa saba 2010, Marekani ilitoa sheria inayolazimisha makampuni yake kueleza kama madini wanayotumia yanatoka Kongo ao kwa majirani zake. Mwezi wa tisa mwaka ule ule, Serikali yetu ilisimamisha uchimbaji katika Kivu Kaskazini, Kivu Kusini na Maniema mpaka mwezi wa tatu 2011. Wanunuzi wengi wakakimbia. Nyumba nyingi zilizotegemea kariere zikalala njaa.

Ndipo ikaja lebo: kipande cha plastiki chenye namba, kinafungwa kwenye mfuko pale kariere, kingine kwa mnunuzi, na namba zinaandikwa ndani ya buku. Rubaya, katika Masisi, ilianza kufunga lebo za mpango unaoitwa ITSCI mwaka 2014. Akili yake ni nzuri: mfuko utembee na ushuhuda wake, ili mchimbaji asiyemlisha mwenye bunduki aweze kuuza bila haya. Na kweli ilifungua mlango uliokuwa umefungwa.

Lakini ilichechemea pia. Ripoti za wataalamu wa Umoja wa Mataifa zilionyesha mara kadhaa lebo zikiuzwa na madini ya fasi nyingine yakiingizwa katika mifuko yenye lebo. Na gharama ya mpango, ijapokuwa ililipwa juu, ilishuka mpaka chini kwa njia ya bei. Mchimbaji aliona bei tu. Lebo ilibuniwa kwanza kwa kutuliza mnunuzi wa mbali; aliyeitegemeza kwa jasho hakuulizwa vya kutosha. Tena plastiki haiwezi kuwa na uaminifu kuliko mkono unaoifunga. Mwaka 2024 waasi wa M23 waliteka Rubaya, na hapo kila mtu aliona kwamba lebo haizuii bunduki.

BISIE: MASHINE HAITEMBEI PEKE YAKE

Katika Walikale, kasiterite ya Bisie ilijulikana kuanzia mwaka 2002 hivi. Unakumbuka, ao wazazi wako wanakumbuka: mifuko ilibebwa mgongoni ndani ya pori, kisha ndege ndogo zikatua juu ya lami ya barabara huko Kilambo ili kuipeleka Goma. Udongo ule ni tajiri sana, kati ya ile yenye bati nyingi zaidi duniani. Lakini utajiri huo ulikuwa mzigo juu ya shingo ya mtu.

Kampuni ya Alphamin ilianza kutoa madini kwa mashine kubwa mwaka 2019. Angalia kilichotangulia: kukata barabara ndani ya pori, kuleta umeme wa majenereta, kufundisha wafanyakazi, kupanga maghala ya vipande. Kusafisha kwenyewe kunafuata sheria ile ile ya yule mama anayesafisha mtoni: kasiterite ina uzito karibu mara saba ya maji ya kipimo kile kile, jiwe jeupe mara mbili na nusu tu, basi maji yanachukua jiwe na kuacha madini. Akili ni moja. Kilichobadilika ni vyote vinavyoizunguka. Mwaka 2024 Bisie ilitoa zaidi ya tani 17,000 za bati.

Hatusemi kila mtu alicheka. Wachimbaji wa mikono walipoteza fasi yao, na ugomvi ulikuwa mkali. Na mwezi wa tatu 2025, vita vilipokaribia, kampuni ilisimamisha kazi na kuondoa watu. Ilianza kurudi mwezi wa nne. Mashine zilikuwa nzima, lakini bila amani zilinyamaza kama ile ya chini ya shitingi.

KABLA YA KUTOA FEZA

Basi, kijana msomaji, na wewe mzazi, siku kikundi kitakapokuja na karatasi yenye picha ya mashine, msiseme ndiyo upesi, wala msiseme hapana kwa woga. Kaeni chini muulize haya:

1. Shida yenyewe ni ipi? Kama madini yenu yanapotea wakati wa kusafisha kwa sababu maji ni machache, mashine ya kusaga haitaleta maji. Pengine kanali ya mbao iliyochongwa vizuri inatosha.

2. Nani ataitumia? Kama ni mama wanaotwanga na kuchekecha, waiteni kwenye mkutano kabla ya kununua, si siku ya kufungua. Wao ndio wanajua mkono unaumia wapi na vumbi linaingia wapi.

3. Nani ataitengeneza, na kipande kitatoka wapi? Jina la fundi liandikwe. Kama fundi hayuko, mtumeni kijana mmoja akajifunze kwanza.

4. Je, tumeijaribu? Nendeni mahali inapofanya kazi. Ulizeni mwenye nayo: «Imesimama siku ngapi mwaka huu?» Jibu lake ni bora kuliko picha mia.

5. Nani mmoja atajibu juu yake? Mbuzi wa watu wote hufa njaa. Awe mtu mwenye kusikilizwa, na mwenye kuonyesha buku la feza kila mwezi.

Kuko wanaosema: «Sisi watu wa milima na pori hatuna akili ya viwanda, tungojee waje.» Neno hilo si la kweli. Chukudu ni yetu. Fromaji tuliipokea tukaifanya yetu. Kinachotukosesha mara nyingi si akili, ni haraka ya kununua jibu kabla ya kuelewa swali.

Jumapili hii mkitoka kanisani, pitieni pale hangarini. Inueni ile shitingi. Msicheke, msitafute wa kulaumu. Ulizeni tu, mmoja kwa mwingine: tulisahau kuuliza nini? Jibu mtakalolipata pale litawafaa wakati wa kununua mashine nyingine, na karo ya wadogo itabaki nyumbani.