Injini Ikinena, Fundi Asikie Lugha Gani?

Zama za fundi wa malori kutambua maradhi ya injini kwa mngurumo na rangi ya moshi pekee zinayoyoma. Katika malori ya kisasa ya dizeli, kompyuta ndiyo iamuayo kiasi cha mafuta yatakayopulizwa katika kila silinda na wakati wa kuyapuliza. Hitilafu ikitokea, kompyuta hiyo huihifadhi kwa nambari, na fundi huzisoma kwa programu maalumu.

Wengi huziona nambari hizi kuwa hesabu tu. Kwa hakika ni sentensi. Kanuni iitwayo J1939, iliyotungwa na chama cha wahandisi wa magari cha Marekani, SAE, na kufuatwa na watengenezaji wengi wa malori, huigawa taarifa ya hitilafu katika sehemu mbili kuu. Nambari ya kwanza hutaja kinachozungumziwa. Ya pili hueleza kilichokisibu. Mwanaisimu angeziita kiima na kiarifu.

Tuchukue mfano. Nambari 100 ni presha ya oili ya injini. Ikifuatwa na 1, maana yake ni kwamba presha imeshuka hadi kiwango cha hatari, na yafaa injini izimwe upesi. Lakini 100 iyo hiyo ikifuatwa na 4, habari ni nyingine kabisa: umeme wa kifaa kinachopima presha umeshuka kupita kiasi, pengine kwa kuwa waya wake umegusana na bodi. Hapo cha kukaguliwa kwanza ni waya na kipimio, wala si pampu ya oili.

Fundi asomaye kiima na kuacha kiarifu atabadilisha pampu isiyo na kosa. Mwenye lori atalipa, shehena itachelewa baina ya Mombasa na Malaba, na hitilafu itasalia pale pale. Kinyume chake ni kibaya zaidi: adhaniye kuwa ni waya tu, kumbe oili imekwisha, ataiua injini.

Lawama hizi tusimtwike fundi. Maelezo ya programu nyingi yameandikwa kwa Kiingereza kigumu, ilhali katika gereji za jua kali kazi huelezwa kwa Kiswahili, na ujuzi hurithishwa kwa kutazama. Wapo wadaio kuwa Kiswahili hakina istilahi za kazi hii. Hoja hiyo haina mashiko. Mafundi walikwisha kutohoa klachi, gasketi na pistoni pasipo kungoja baraza lolote. Kinachokosekana ni maelezo.

Yafaa basi vyuo vya ufundi na idara za Kiswahili za vyuo vikuu viketi na mafundi wenyewe, viandae kijitabu cha nambari hizi kwa Kiswahili sahili, kiima na kiarifu chake. Wahenga walisema asiyejua maana haambiwi maana. Fundi tunayemkabidhi riziki ya wengi, huyo sharti aambiwe.