Manowari za Moshi Katika Ziwa Viktoria

Mto Nzoia hutelemka kutoka milima ya Cherangani, hupokea vijito vya Mlima Elgon, hupita katika nchi ya Trans Nzoia na maporomoko ya Webuye, kisha huingia katika Ziwa Viktoria. Watu wa Kitale na Bungoma hawakai ukingoni mwa ziwa hilo, na wengi wao hawakuzoea safari za meli. Lakini maji yao ni sehemu ya maji yaliyochukua manowari zilizopigana humo tangu 1914 hata 1916, na habari za manowari hizo zinawahusu kuliko wanavyodhani.

Manowari ndogo ya moshi ni chombo chenye mizinga kiwezacho kufika mahali ambapo manowari kubwa za baharini haziwezi kuingia. Nguvu yake ni mvuke. Kuni hutiwa tanuruni, maji huchemka ndani ya tangi la chuma lililofungwa pande zote, na mvuke unaotafuta njia ya kutokea husukuma mtambo unaozungusha mapanga ya chuma chini ya tezi. Baharini maji ya chumvi huharibu tangi, hata meli hulazimika kutunza maji matamu kwa kazi hiyo. Ziwani maji matamu ni tele.

Mojawapo ya meli za moshi za kwanza kabisa ziwani humo iliitwa William Mackinnon, kwa jina la tajiri wa Scotland aliyeongoza Kampuni ya Kiingereza ya Afrika ya Mashariki. Iliundwa Paisley, huko huko Scotland, na mafundi wa Bow, McLachlan. Ilipokwisha kuunganishwa ilifunguliwa tena, kila kipande kikatiwa alama, vyote vikapelekwa Mombasa kwa bahari. Reli ilikuwa haijafika ziwani, kwa hiyo ilikuwa kazi ya wapagazi kuvichukua bara kwa vichwa na mabega. Mzigo wa kawaida wa mpagazi ulikuwa kama ratili 65. Lakini bamba la chuma halikunjwi wala halipunguzwi kama jora la nguo. Mackinnon alikufa 1893, nayo Serikali ikachukua nchi mikononi mwa kampuni yake 1895, na meli bado ilikuwa vipande vipande. Haikushushwa majini mpaka 1900.

Reli ilifika Kisumu Desemba 1901. Meli ya Winifred ikashushwa majini 1902, na Sybil ikafuata. Meli hizi hazikuundwa kwa vita. Zilichukua abiria, barua na bidhaa kati ya Kisumu na bandari nyingine za ziwa.

Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza 1914, ziwa likawa mpaka wa maadui. Wajerumani walikuwa na meli yao, Muansa, iliyotiwa silaha. Septemba 1914, wakati wa mapigano ya Kisii, Winifred ilikwenda Karungu, ikaikuta Muansa imetangulia, ikalazimika kurudi nyuma. Iliporudi tena pamoja na Kavirondo, zote mbili zikiwa na mizinga, Muansa iliondoka. Ndivyo meli ya barua ilivyogeuka manowari.

Novemba mwaka ule Sybil ilipanda mwamba karibu na Majita, katika nchi ya Wajerumani, ikaachwa huko. Iliokolewa Mei 1915 na kurudishwa Kisumu. Juni 1915 meli kadhaa zilipakia askari Kisumu, zikawashusha karibu na Bukoba. Mji ulitwaliwa tarehe 23, na mitambo ya simu ya upepo ikavunjwa. Julai 1916 Mwanza nayo ilitwaliwa, na vita vya ziwani vikaisha.

Lakini mzinga wa meli haupigi mbali na maji. Vita vilipohamia bara, chakula na risasi vilirudi juu ya mabega ya watu, kama vile vipande vya William Mackinnon zamani. Wanaume wengi wa North Kavirondo, wilaya ambayo wakati ule Bungoma ilikuwa ndani yake, waliandikwa katika Kariakoo. Katika Afrika ya Mashariki nzima wapagazi waliokufa walikuwa makumi ya maelfu, na waliouawa na maradhi walikuwa wengi kuliko waliouawa na risasi.

Baada ya vita reli ilifika Eldoret 1924, tawi la Kitale likafuata 1926, na njia kuu ikapita Bungoma hata ikafika Kampala 1931. Mizigo ya Uganda, ambayo zamani ilishushwa Kisumu na kupakiwa melini, sasa iliweza kupita Bungoma bila kugusa maji. William Mackinnon ilikuwa imekwisha kuzamishwa kwa makusudi 1929, kwa uzee.

Jina la tajiri liliandikwa ubavuni mwa meli. Majina ya waliobeba mabamba yake hayakuandikwa popote juu yake. Wahenga walisema kidole kimoja hakivunji chawa. Basi mwalimu wa Kitale au Bungoma aonyeshapo watoto njia ya Nzoia katika ramani, kidole chake kisikome pale mto unapoingia ziwani. Awaambie pia habari za manowari, na za mabega yaliyozifikisha majini.