Orange, Mji wa Cherehani Uliofundisha Watu Kuruka

Mji mdogo wa Orange, kaskazini mwa jimbo la Massachusetts nchini Marekani, ulijulikana kwanza kwa cherehani. Kiwanda cha New Home kilizitengeneza hapo, na kiwanda kingine, Minute Tapioca, kiliwauzia Wamarekani wanga wa muhogo, ingawa kwenye baridi ya huko muhogo hauoti asilani. Baadaye viwanda vikapoa. Uwanja wa ndege wa mji ukabaki, una njia pana za lami, msitu pembeni na ndege chache.

Jacques-André Istel alikuwa akitafuta mahali kama hapo pa kufundishia watu kuruka kutoka ndegeni kwa mwavuli. Alizaliwa Paris mwaka 1929, akaingia Marekani mwaka 1940, vita vilipoifika Ufaransa. Miaka ile Mmarekani wa kawaida aliona mwavuli kuwa kifaa cha askari, cha rubani aliyepatwa na dharura, au cha majasiri wa maonyesho ya ndege. Ufaransa ilikuwa imetangulia: raia walifundishwa kuruka kwa utaratibu, kama wanavyofundishwa kuogelea. Istel akajifunza huko, na mwaka 1956 akaongoza timu ya Marekani kwenye mashindano ya dunia mjini Moscow. Mwaka uliofuata yeye na Lew Sanborn wakaanzisha kampuni, Parachutes Incorporated. Sanborn si mtu wa kupita hivi hivi: leseni ya Marekani ya daraja la juu kabisa, nambari D-1, ni yake.

Mei 1959 wakafungua kituo chao Orange, cha kwanza cha kibiashara nchini Marekani. Karani au mwanafunzi wa chuo alilipa ada, akafundishwa kwa saa chache, kisha akapanda ndege.

Siri ilikuwa mkanda mmoja. Ncha yake ilifungwa kwenye ndege, nyingine kwenye mzigo wa mgongoni. Mwanafunzi alipojiachia, mkanda ulinyooka na kuuvuta mwavuli, hata kama yeye mwenyewe woga ulikuwa umemgandisha mikono. Kitambaa kilivishwa mfuko mrefu, ili kamba zinyooke kwanza, ndipo kitambaa kijae upepo. Bila mfuko huo mwavuli hufunguka kwa kishindo cha kuumiza mabega. Kutua nako kulikuwa na somo lake, maana miavuli ya duara ya enzi hizo ilishuka kwa kasi: miguu pamoja, magoti yamekunjwa kidogo, kisha kujiviringisha ubavu. Mazoezi hayo yalirudiwa tena na tena ardhini, na bila shaka wengi waliyaona ya kuchosha mpaka walipoiona ardhi inawajia.

Mwaka 1962 mashindano ya dunia yalitoka Ulaya kwa mara ya kwanza, yakaja Orange. Wenyeji waliondoka na mataji: James Arender kwa wanaume, Muriel Simbro kwa wanawake.

Baada ya hapo mchezo ulibadilika zaidi kuliko uwanja. Domina Jalbert alibuni kitambaa chenye vyumba vinavyojaa hewa na kupata umbo la bawa, na mrukaji akaweza kuchagua pa kutua na kushuka kwa miguu yake taratibu. Miaka ya 1980 ukaja mtindo wa mgeni kufungwa kifuani mwa mkufunzi. Wawili hao huweza kutoka ndegeni kwenye kimo cha futi 13,000 hivi, wakaporomoka karibu dakika nzima kwa kasi ya kilomita kama 190 kwa saa.

Kampuni ya Istel haipo tena Orange. Wanaoruka sasa wako chini ya Jumptown, chama cha wanachama kisichogawana faida. Uwanja bado ni mali ya mji, kwa hiyo chama kinaruka kwa ridhaa ya halmashauri na uvumilivu wa majirani: ndege ya warukaji hupanda ikizunguka eneo lile lile, inashuka, inapakia watu wengine na kupanda tena, na mwishoni mwa wiki yenye anga safi mngurumo huo huendelea mpaka jioni.